Maswali ya Wasomaji: Katina Paxinou, kutoka jukwaani hadi kwenye filamu

SWALI: Ndugu Mhariri, salaam. Mimi ni mwigizaji wa jukwaani hapa Bagamoyo, na kazi hii nimeifanya kwa miaka 11. Mwezi uliopita nilipata kwa mara ya kwanza nafasi ndogo katika filamu. Siku ya pili ya kurekodi, mwongozaji alinisimamisha mbele ya wenzangu wote akasema kwamba mimi ni mtu wa jukwaani, kwamba sauti yangu ni ya kumwitia mtu ng'ambo ya mto na kwamba uso wangu unapiga kelele. Nilirudi nyumbani nikiwa nimevunjika moyo. Rafiki yangu amenitia nguvu kwa kuniambia kwamba kuna mama mmoja wa Ugiriki, Katina Paxinou, aliyeingia kwenye filamu akiwa amevuka miaka 40 na akapata Oscar kwa filamu yake ya kwanza. Je, habari hizo ni za kweli? Kama ni za kweli, alifanyaje? Ilimbidi alisahau jukwaa ndipo kamera impokee? *Mwigizaji, Bagamoyo*

JIBU: Pole sana, dada. Maneno ya aina hiyo yakisemwa mbele ya watu huuma mara mbili, na mwongozaji aliyeyasema angeweza kukuita pembeni.

Rafiki yako amekueleza ukweli. Katina Paxinou alikabidhiwa Oscar ya mwigizaji msaidizi bora wa kike usiku wa tarehe 2 Machi 1944, katika ukumbi wa Grauman's Chinese kule Hollywood, kwa nafasi ya Pilar katika *For Whom the Bell Tolls*, filamu iliyoongozwa na Sam Wood na kutoka mwaka 1943. Waigizaji wake wakuu walikuwa Gary Cooper na Ingrid Bergman, watu ambao majina yao peke yake yalitosha kujaza kumbi za sinema wakati huo. Filamu ilipendekezwa kwa tuzo 9, ikapata moja tu, nayo ilikwenda kwa huyu mama Mgiriki ambaye watazamaji wengi wa Marekani walikuwa hawajapata kumwona hata siku moja. Hata sanamu aliyoishika mkononi ilikuwa na upya wake, kwa kuwa hadi mwaka uliotangulia waigizaji wasaidizi walikuwa wakipewa kibao chenye sanamu ndogo, na ni usiku ule ndipo walipoanza kupewa sanamu kamili kama wenzao.

Sasa, ukiishia hapo, maneno "filamu ya kwanza" yatakupotosha, kwa maana yanamfanya mtu adhani kwamba bahati ilimshukia mwanamke aliyekuwa amekaa tu. Paxinou alizaliwa Piraeus, bandari iliyo jirani na Athens, tarehe 17 Desemba 1900, na kitu cha kwanza alichojifunza hakikuwa uigizaji bali uimbaji wa opera, aliousomea Geneva. Mwaka 1920 aliimba kwao Piraeus katika opera ya kijana mwenzake Dimitri Mitropoulos, ambaye baadaye naye alikwenda Marekani akawa kiongozi mashuhuri wa okestra. Jambo hili la uimbaji naomba ulishike, nitalirudia. Ilipofika mwishoni mwa miaka ya 1920 ndipo alipohamia kwenye tamthilia, na Jumba la Tamthilia la Taifa la Ugiriki lilipoanza maonyesho yake mwaka 1932 alikuwa miongoni mwa waigizaji wake. Kwa miaka iliyofuata alipita katika tamthilia za Sophocles, Shakespeare na Ibsen, akatafsiri kwa Kigiriki kazi za O'Neill, mtunzi wa tamthilia wa Marekani, na hata akatunga muziki wa maonyesho ya tamthilia za kale. Aliyeingia studio za Paramount, kampuni iliyotengeneza filamu ile ya Pilar, basi, ugeni wake ulikuwa kwa kamera tu.

Nataka nikae kidogo mahali pamoja katika safari hiyo, kwa sababu naamini jibu la swali lako liko hapo. Mnamo Septemba 1938 mwongozaji Dimitris Rondiris aliipeleka *Electra* ya Sophocles katika ukumbi wa kale wa Epidaurus, na Paxinou ndiye aliyekuwa Electra. Ukumbi huo hauna paa wala kuta. Ngazi za mawe zilichongwa kwenye mteremko wa kilima katika karne ya 4 kabla ya Kristo, na wanaweza kukaa hapo watu wapatao 14,000. Mwigizaji anasimama chini, kwenye duara la udongo, bila kipaza sauti, na aliyekaa safu ya juu kabisa humwona akiwa mdogo kama kidole. Akipandisha nyusi hakuna anayeona, na akitupa mikono huku na huko anaonekana kama mdudu anayepapatika. Kinachofika juu kule ni mwili mzima unapogeuka, ni hatua moja iliyopigwa kwa makusudi, ni kusimama kimya, na ni sauti inayobebwa na pumzi kutoka tumboni.

Katika tamthilia hiyo kuna mahali Electra anapokabidhiwa mtungi na kuambiwa kwamba ndani yake mna majivu ya ndugu yake, Orestes. Watazamaji wanajua kwamba Orestes yu hai, na kwamba ndiye huyo huyo aliyesimama mbele yake akimpa mtungi. Mwigizaji hana kingine mikononi ila chombo hicho, na ana maneno ya maombolezo ya kuyasema kwa utaratibu hadi mwisho. Akianza kwa kupiga mayowe, baada ya mistari mitano hana tena pa kwenda. Kuna kisa cha kale kuhusu mwigizaji wa Kigiriki aliyeitwa Polus, ambaye alikuwa amefiwa na mwanawe, na siku ya kuigiza sehemu hii alikwenda kaburini akautwaa mtungi wenye majivu ya mtoto wake, akaingia nao jukwaani na kulilia alichokishika. Sisemi hivyo ili mtu aige. Nasema ili uone kwamba tangu zamani watu wa jukwaa waliujua ukweli ambao leo tunaambiwa umeletwa na kamera: mtazamaji huangalia kwanza kama mwigizaji ana kitu mikononi au anajifanya anacho.

Jinsi alivyofika Hollywood haikuwa mpango wake. Mwaka 1939 kampuni ya Jumba la Tamthilia la Taifa ilikwenda London ikaonyesha *Electra* na *Hamlet*, naye akarudi tena Uingereza mwaka 1940 kuigiza kwa Kiingereza nafasi ya mama katika *Ghosts* ya Ibsen. Vita vikamkuta huko. Italia iliivamia Ugiriki mwezi Oktoba mwaka huohuo, Wajerumani wakaingia Aprili 1941, na njia ya kurudi nyumbani ikafungwa. Akavuka kwenda Marekani. Januari 1942 alijaribu *Hedda Gabler* huko Broadway, kwenye kumbi kubwa za tamthilia za New York, lakini onyesho halikudumu. Kwa hiyo mtu aliyepewa nafasi ya Pilar alikuwa mkimbizi wa miaka arobaini na ushee, ambaye nchi yake ilikuwa chini ya jeshi la kigeni na watu wake wanakufa njaa, na ambaye lafudhi yake ya Kiingereza ilimfungia milango mingi. Pilar ni mwanamke wa milimani, Mhispania, anayeshika uongozi wa kundi la wapiganaji wa msituni baada ya mumewe, Pablo, kupoteza ujasiri. Kwa nafasi hiyo, umri wake, lafudhi yake na ule uso mpana usiojali urembo vyote viligeuka kuwa mtaji.

Ukipata filamu hiyo, itazame sehemu ambapo Pilar anausoma mkono wa yule Mmarekani aliyekuja kulipua daraja. Anaushika, anauinamia, anautazama. Halafu anauachia. Hasemi alichokiona, na anapoulizwa anakwepa. Mwigizaji wa haraka angetuonyesha hofu: macho yangetoka, pumzi ingekatika, mkono ungepelekwa kifuani. Paxinou anafunga. Uso unakuwa mzito kama mlango uliosukumwa kutoka ndani, na sisi tuliokaa gizani tunaelewa kwamba yule kijana atakufa. Huo ni utulivu wa Epidaurus, dada yangu. Safari hii kamera ilikuwa imesogea karibu nao, basi.

Kwa hiyo swali lako kama ilimbidi asahau jukwaa, nalijibu kwamba hapana, na ninaona ni kosa kubwa kuwaambia waigizaji wetu hivyo. Watu wengi wanaosema "huyu ni wa jukwaani" wanachanganya ukubwa na wingi. Ukubwa ni uzito wa jambo unalolibeba, nao kamera huupenda. Wingi ni kuongeza ishara juu ya ishara kwa hofu kwamba hutaeleweka: unasema una hasira, unakunja uso, unapiga meza, na bado unatikisa kichwa. Wingi ni kasoro hata jukwaani, ila jukwaani umbali unatusitiri. Inawezekana mwongozaji wako aliona wingi, na hapo alikuwa na haki ya kukusahihisha ingawa hakuwa na haki ya kukudhalilisha. Jichunguze kwa unyofu bila kuitupa miaka yako 11.

Na hapa narudi kwenye uimbaji. Mwimbaji wa opera anajua jambo ambalo waigizaji wengi hulipata kwa shida: kuimba kwa sauti ya chini kunahitaji pumzi ileile, pengine zaidi, kuliko kuimba kwa sauti ya juu. Anayeambiwa "punguza" mbele ya kamera mara nyingi hupunguza vyote pamoja, sauti na pumzi na nia, na matokeo yake ni mtu anayenong'ona maneno yaliyokufa. Wewe punguza umbali tu. Mtu unayemwitia ng'ambo ya mto, mlete akae mkekani pembeni yako. Lakini sababu ya kumwita ibaki ileile, na pumzi ya kumwita ibaki ileile. Jaribu nyumbani kwa kuchukua maneno marefu unayoyajua vizuri kutoka katika tamthilia yoyote uliyowahi kuigiza, uyaseme kwanza kama uko kwenye ukumbi wa wazi, kisha kwa mtu aliye upande wa pili wa meza, kisha kwa mtoto aliyelala begani mwako, bila kuruhusu jambo lenyewe lipungue uzito hata kidogo. Utajikuta mikono imetulia yenyewe bila kuamriwa.

Neno moja la haki kwa upande wa pili. Mwaka 1947 Paxinou alicheza katika filamu iliyotokana na *Mourning Becomes Electra* ya O'Neill, iliyoongozwa na Dudley Nichols. O'Neill alichukua kisa cha kale cha Wagiriki akakihamishia Marekani baada ya vita vyao vya wenyewe kwa wenyewe, na Paxinou, aliyekuwa Electra wa Epidaurus, safari hii alikuwa mama muuaji, Christine. Ungedhani ni nafasi aliyoandikiwa yeye. Lakini filamu ni ndefu, inakaribia saa tatu, watu wanasimama vyumbani wanazungumza, na kamera imekaa kama mtazamaji aliyelipia kiti cha mbele. Filamu ilipata hasara kubwa. Mwigizaji ni yuleyule, nguvu ni zilezile, na kwa maoni yangu kilichopungua ni mwongozaji wa kuzipokea nguvu hizo. Kwa hiyo lawama ya "ujukwaa" wakati mwingine ina anwani nyingine.

SWALI: Mhariri, shikamoo. Katika toleo lililopita mlimtaja kwa sentensi moja Mgiriki aliyepata Oscar. Nilidhani mwigizaji Mgiriki maarufu ni yule aliyekuwa waziri, aliyedai mawe ya kale yarudishwe kutoka London. Je, ni mtu mmoja? *Mzee msomaji, Dodoma*

JIBU: Marahaba, ila kwa umri uliojitambulisha nao, shikamoo inakustahili wewe, mzee wangu. Hao ni watu wawili. Unayemkumbuka ni Melina Mercouri, aliyezaliwa Athens mwaka 1920, akawa waziri wa utamaduni wa Ugiriki kuanzia mwaka 1981, na kweli ndiye aliyelivalia njuga suala la michongo ya Parthenon iliyoko katika makumbusho ya Uingereza. Yeye naye alianzia jukwaani: alisoma katika shule ya uigizaji ya Jumba la Tamthilia la Taifa, na mwaka 1949 alitambulika kwa nafasi ya Blanche katika *A Streetcar Named Desire* iliyoongozwa na Karolos Koun. Filamu yake ya kwanza, *Stella*, ilitoka mwaka 1955, ikiongozwa na Michael Cacoyannis na kutokana na maandishi ya Iakovos Kambanellis yaliyokuwa yameandikwa kwa ajili ya jukwaa. Mwaka 1960 alishinda katika tamasha la filamu la Cannes kama mwigizaji bora wa kike kwa *Never on Sunday*, akapendekezwa pia kwa Oscar; Oscar yenyewe hakuipata, ila wimbo wa filamu hiyo uliotungwa na Manos Hadjidakis uliipata.

Tofauti yao inavutia. Mercouri aliingia kwenye filamu nyumbani, kwa lugha yake, katika kisa cha wanawake na wanaume wa mitaa ya Athens, na dunia ikamfuata huko. Paxinou alipovuka bahari hapakuwa na kisa cha Kigiriki kilichomngoja. Kizazi kilichowatangulia hata mlango kama huo hakikuwa nacho: Marika Kotopouli, malkia wa jukwaa la Athens ambaye Paxinou alianza naye, anakumbukwa kwa filamu moja tu ya mwaka 1933, nayo ilitengenezwa Uturuki.

SWALI: Mpendwa Mhariri, nimesoma kwamba Paxinou alipata Oscar, lakini nikitafuta filamu zake za Marekani baada ya hapo naona chache. Je, Hollywood ilimtupa, au yeye ndiye aliyeikataa? Na je, aliyekwisha kuonja filamu anaweza kweli kurudi kukaa jukwaani? *Mwanafunzi wa sanaa za maonyesho, Mombasa*

JIBU: Nadhani maneno yote mawili, kutupa na kukataa, ni makali kuliko mambo yalivyokuwa. Alipata kazi: *Confidential Agent* mwaka 1945, *Uncle Silas* ya Uingereza mwaka 1947, *Prince of Foxes* mwaka 1949. Lakini tazama aina ya kazi. Hollywood ya wakati ule ilikuwa na sehemu mbili tatu za kumweka mwanamke mgeni aliyepita ujana, yaani mwenye hila, mwenye siri au mama mwenye huzuni, na alizungushwa humo. Mumewe, Alexis Minotis, alikuwa Hamlet wa Athens, na katika filamu ya Hitchcock ya mwaka 1946, *Notorious*, alipewa nafasi ya mtumishi wa nyumbani. Aliicheza vizuri, kwa heshima, na mimi kila nikiitazama naumia kidogo nikikumbuka ni nani yule anayefungua mlango.

Ilipofika mapema miaka ya 1950 wote wawili walikuwa wamerejea katika tamthilia za nyumbani, na hawakurudi kama watu walioshindwa. Novemba 1952 Jumba la Tamthilia la Taifa lilikwenda New York na *Electra* na *Oedipus*. Paxinou alikuwa Electra katika moja na Jocasta, mke wa mfalme Oedipus, katika nyingine, akiigiza kwa Kigiriki mbele ya Wamarekani ambao miaka 10 nyuma walimsikia akihangaika na Kiingereza cha Hedda. Wewe unayesoma sanaa za maonyesho kwa Kiswahili unaweza kumkaribia huyo Jocasta bila kuvuka bahari, kwa kuwa S. S. Mushi alitutafsiria tamthilia hiyo kwa jina la *Mfalme Edipode*. Soma mahali mke wa mfalme anapoelewa ukweli kabla ya mumewe, anamsihi asiulize zaidi, kisha anaondoka kimya. Mwigizaji anayebaki kukumbukwa baada ya kuondoka vile lazima awe ameijaza nafasi hiyo kabla hajatoka.

Kuhusu kama mtu aweza kurudi: kwa Paxinou nadhani swali lenyewe limegeuzwa. Hakuhama jukwaani hata siku moja. Filamu aliiendea kama mtu aendaye safari ya kazi, na alipopata mwongozaji wa kumfaa aliitika. Ndivyo alivyoitika kwa Luchino Visconti mwaka 1960 katika *Rocco na ndugu zake*, filamu ambayo mimi naiweka juu ya ile iliyompa Oscar. Humo yeye ni Rosaria, mjane kutoka kusini mwa Italia, anayeshuka kwenye stesheni ya Milan usiku wa baridi pamoja na wanawe wanne kumfuata kaka yao mkubwa aliyetangulia. Amevaa nyeusi kwa ajili ya marehemu mumewe. Wanafika kwa kaka huyo wanamkuta katikati ya sherehe ya uchumba wake, na Rosaria, aliyebeba msiba na safari nzima mwilini, hawezi kuelewa inawezekanaje watu wacheke. Furaha inageuka kuwa ugomvi kwa dakika chache tu. Mama yeyote wa Mombasa aliyewahi kumfuata mwanawe mjini akamkuta ameshakuwa wa watu wengine atamtambua.

Kuelekea mwisho wa filamu, mwana mmoja anaporudi nyumbani na damu mikononi, Rosaria analia kilio ambacho wakosoaji wengine walikiona kikubwa mno kwa chumba kidogo kile. Mimi sikubaliani nao. Visconti mwenyewe alikuwa mwongozaji wa tamthilia na opera, alijua anamwita nani, na aliiacha kamera ikae hadi kilio kiishe. Miaka 22 ilikuwa imepita tangu Epidaurus.

Miongoni mwa kazi zake za mwisho jukwaani ilikuwa *Mama Courage* ya Brecht, yule mchuuzi anayevuta mkokoteni wake nyuma ya majeshi huku vita vikimchukulia watoto mmoja baada ya mwingine. Alikuwa amevuka miaka 70. Alifariki Athens tarehe 22 Februari 1973.